Wanahitajika Mpaka Siku ya Mahafali

Mwaka 1934 ulikuwa mwaka wa vumbi katika jimbo la Nebraska. Mvua ilikuwa imegoma, uchumi umeanguka, na shule nyingi za vijijini hazikuwa na wavulana wa kutosha kuunda timu ya futiboli ya Kimarekani, mchezo unaotaka watu kumi na mmoja kila upande. Stephen Epler, mwalimu kijana wa mji wa Chester, akakaa akatunga mchezo mwingine. Wachezaji wawe sita kwa sita, uwanja upunguzwe, na kila aliyemo aruhusiwe kupokea pasi na kukimbia na mpira. Usiku wa tarehe 26 Septemba, katika mji wa Hebron, vijana wa shule nne walijigawa katika timu mbili za mseto wakacheza mechi ya kwanza. Ikaisha sare, 19 kwa 19. Mchezo huo ungali unachezwa leo, pamoja na ndugu yake wa watu wanane, katika miji midogo iliyotawanyika kutoka Montana mpaka Texas.

Wakubwa wa miji ile wangeweza kuwaambia watoto wao kwamba wao ni wachache mno, wakae majukwaani wasikilize redio. Badala yake waliukata mchezo uwatoshe watoto waliopo.

Siku hizi ukisoma habari za vijana wa nyanda za nyasi za Amerika Kaskazini, yaani Kansas, Nebraska, Dakota zote mbili na Iowa, na ng'ambo ya mpaka Manitoba, Saskatchewan na Alberta, utaambiwa kwamba shida yao ni upweke, au intaneti dhaifu, au safari ya saa mbili kufika kwenye jumba la sinema. Hizo ni kero za kweli. Lakini kijana huvumilia mengi mahali ambapo akikosekana pengo linaonekana. Dai langu katika makala haya ni kwamba nyanda zile zimejenga jamii inayomhitaji mtoto kupita kiasi mpaka afikishe miaka kumi na minane, kisha asubuhi moja ya mwezi wa tano inamvisha joho, inampigia makofi, na kuanzia kesho yake haina kazi naye. Mengine yote tunayoyasikia, nembo za kijijini zinazonunuliwa dukani, hasira za kisiasa, ugomvi wa nani ni mwenyeji na nani mgeni, yanaota kwenye ufa huo.

Sehemu ya kwanza ya dai hili ilichunguzwa hukohuko. Mwaka 1947 Roger Barker, mwanasaikolojia wa Chuo Kikuu cha Kansas, alihamia na familia yake katika mji mdogo wa Oskaloosa, akafungua kituo cha utafiti kilichodumu robo karne. Hakutaka kuwapima watoto maabara. Yeye na wenzake waliwatazama wakiishi. Siku moja ya Aprili 1949 walimfuata mvulana wa miaka saba tangu alipoamka mpaka alipolala, wakaandika kila alichofanya. Baadaye walilinganisha shule kubwa na shule ndogo za jimbo hilo. Shule kubwa zilikuwa na vilabu vingi zaidi na masomo mengi zaidi ya kuchagua, lakini wanafunzi wake wengi waliishia kuwa watazamaji. Katika shule ndogo, mwanafunzi huyohuyo alipuliza tarumbeta, akaigiza kwenye tamthilia, akauza tiketi mlangoni na kuvaa jezi ya timu. Hata yule aliyekuwa mkiani darasani alijua kwamba asipofika mazoezini wenzake watakwama. Msomaji aliyepita shule ya bweni yenye wanafunzi elfu moja anaelewa kinyume chake: pale ukiugua wiki nzima, mstari wa asubuhi hauonyeshi pengo.

Shamba nalo lilikuwa hivyohivyo. Sheria ya Homestead, iliyotiwa saini na Abraham Lincoln tarehe 20 Mei 1862, ilimpa mlowezi ekari 160 kwa sharti la kuishi hapo na kulima kwa miaka mitano. Kanada ikaiga mwaka 1872, ekari zilezile 160 kwa ada ya dola kumi. Shamba la ukubwa huo, kwa jembe la kukokotwa na farasi, lilikula mikono. Mtoto wa miaka tisa alikuwa na ng'ombe wake wa kukamua kabla ya shule, na mavuno yalikusanya ukoo na majirani. Hakuna aliyekuwa na nafasi ya kujiuliza yeye ni nani. Alikuwa mtu wa kukamua ng'ombe yule.

Kilichofuata kinasomeka vizuri kwenye takwimu. Mwaka 1935 Marekani ilikuwa na mashamba milioni 6.8. Sensa ya kilimo ya mwaka 2022 ilihesabu milioni 1.9, na wastani wa umri wa mkulima ulikuwa miaka 58.1. Wakulima walio chini ya miaka 35 hawakufika mmoja katika kila kumi. Saskatchewan ilikuwa na mashamba zaidi ya 142,000 mwaka 1936. Mwaka 2021 yalibaki kama 34,000. Ardhi yenyewe haikuachwa ikaota magugu. Inalimwa karibu yote, na inazaa kuliko zamani, kwa matrekta yanayojiongoza kwa setelaiti na kombaini ambazo moja tu, ikiwa mpya, inapita nusu milioni ya dola. Mashine imekula nafasi ya mtoto.

Na bei imefunga mlango uliobaki. Uchunguzi wa mwaka 2024 wa Chuo Kikuu cha Jimbo la Iowa ulikadiria ekari moja ya ardhi ya kilimo jimboni humo kuwa dola 11,467. Kipande cha ekari 160, kipimo kilekile cha Lincoln, kinafika dola milioni 1.8. Kwa hiyo mkulima kijana wa nyanda leo ni, kwa kiasi kikubwa, mrithi. Na mrithi huwa mmoja, kwa sababu shamba likigawanywa halilipi mkopo wa mashine. Familia yenye watoto watatu inachagua mmoja, aghalabu wa kiume, na wale wawili wanaambiwa wasome kwa bidii. Hata yule aliyechaguliwa anasubiri. Baba ana miaka sitini na mitano na afya njema, hana haraka ya kukabidhi ufunguo. Mwana ana arobaini na bado mjini anaitwa mtoto wa fulani.

Tarehe 30 Agosti 2023 watu 92,003 waliingia katika uwanja wa Memorial mjini Lincoln kutazama timu ya wanawake ya mpira wa wavu ya Chuo Kikuu cha Nebraska. Rekodi ya Barcelona ya mwaka 2022, watazamaji 91,648 kwenye mechi ya kandanda ya wanawake, ikapitwa na jimbo ambalo wakati huo lilikuwa na watu wasiofika milioni mbili. Ni jambo la kupendeza, na halikuzuka tu. Katika miji midogo ya Nebraska, ukumbi wa shule hujaa siku za mpira wa wavu, na msichana anayepiga vizuri anajulikana mpaka kaunti ya tatu. Kisha msichana huyohuyo anarudi nyumbani ambako, mezani, mazungumzo ya urithi wa shamba yanamhusu kaka yake. Ukitaka kujua kwa nini wasichana wa nyanda wanaondoka, na kwa nini wakiondoka hawarudi upesi, anzia kwenye meza hiyo.

Wahenga wetu walisema mcheza kwao hutunzwa. Katika miji hii anayetunzwa ni anayekwenda kucheza kwingine. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 wanasosholojia wawili walikwenda kuishi katika mji mdogo wa Iowa wakafuatilia maisha ya waliosoma pale. Waligundua kwamba walimu, wazazi na wafanyabiashara wa mji walikuwa wakiwekeza nguvu zao zote kwa wanafunzi wenye akili, wale ambao kila mtu alijua wataondoka. Waliobaki, ambao ndio wangekuja kuwa mafundi, wazima moto wa kujitolea, wazazi wa watoto wa shule ileile, walipewa kidogo na kutarajiwa kidogo. Mji ulikuwa unalipia gharama ya kufa kwake, na kwa fahari. Sidhani kuna mtu aliyepanga iwe hivyo. Kila mwalimu alimtakia mwanafunzi wake mema, na mema yalikuwa Chicago au Minneapolis.

Nijibu pingamizi moja, maana lina uzito. Watafiti wa huduma za ugani za Chuo Kikuu cha Minnesota wameonyesha kwa miaka mingi kwamba kaunti za vijijini, ingawa zinapoteza vijana wa miaka ishirini, zinapata watu wa miaka thelathini mpaka hamsini. Wanarudi na shahada, mwenzi na watoto, wakitafuta nyumba nafuu na shule ambayo mwalimu anamjua mzazi. Ni kweli, na ni dawa nzuri dhidi ya maombolezo ya watu wanaoandika kaburi la kijiji kila mwaka. Ila anayeweza kurudi hivyo ni mtu aliyekwisha kupata jibu lake kwingine. Haimsaidii kijana wa miaka kumi na tisa aliyebaki, anayefanya kazi kwenye ghala la nafaka, na ambaye anajua kwamba mji unamwona kama aliyeshindwa kuondoka.

Hapo ndipo ninapolitazama lile jaketi la bluu. Chama cha wakulima vijana, FFA, kilianzishwa Kansas City mwaka 1928, na vazi lake ni jaketi la kodrai ya bluu lenye jina la mwanachama kifuani, na mgongoni jina la jimbo na la tawi, ambalo mara nyingi ndilo jina la mji au shule. Ukimkuta kijana njiani unasoma anakotoka kabla hajafungua mdomo. Wanachama sasa wanafika milioni, na wengi wao hawataimiliki ekari hata moja. Chama chenyewe kina historia yake ya kuchagua nani awe wa nyumbani: wasichana walikubaliwa kitaifa mwaka 1969 tu, na chama cha vijana Weusi wa kusini, kilichokuwa na jaketi lake jeusi lenye dhahabu, kilimezwa mwaka 1965, ikabaki bluu peke yake.

Wadogo zaidi wana vilabu vya 4-H. Jirani zetu Wakenya wanavijua kwa sura nyingine, kwa kuwa vilabu vya 4K, Kuungana, Kufanya, Kusaidia Kenya, vilifuata mfano huo, na Rais Uhuru Kenyatta alivizindua upya mwaka 2021. Kule nyandani mtoto wa 4-H analea ndama au nguruwe, anamlisha, anamwosha, anamwandikia daftari la gharama, kisha anampeleka kwenye maonyesho ya kaunti na kumuuza mnadani. Mnunuzi mara nyingi ni benki ya mji au duka la pembejeo, naye hulipa kwa makusudi bei inayozidi ya soko. Kila mtu anajua kwamba hilo si suala la nyama. Mji unamwambia mtoto, hadharani na kwa kipaza sauti, kwamba kazi yake imeonekana. Nimejaribu kufikiria mnada wa namna hiyo kwa mtu wa miaka ishirini na mbili anayetaka kufungua gereji, na siuoni.

Shule nazo zimeendelea kupungua. Mwanzoni mwa miaka ya 1930 Marekani ilikuwa na wilaya za shule zaidi ya 100,000. Leo ni kama 13,000. Shule mbili zinapounganishwa, ugomvi wa bajeti huisha haraka. Unaodumu ni ugomvi wa jina la timu na rangi ya jezi, na wageni huucheka, nadhani kwa kutoelewa kwamba watu wanagombania kitu pekee kilichobaki chenye jina lao. Maghala ya nafaka ya mbao ya Saskatchewan, yaliyokuwa yamepakwa jina la mji kwa herufi za kusomeka kutoka maili kadhaa, yalikuwepo kwa maelfu, mengi yameshabomolewa.

Jina la mahali likififia, linakuja jina la jumla. Kijana anakuwa "wa kijijini" kwa ujumla wake: pikapu iliyoinuliwa magurudumu, mavazi ya mabaka ya msituni, kofia ya kampuni ya mbegu, muziki uliorekodiwa Nashville unaosifu barabara ya vumbi isiyo na anwani. Mvulana wa Kansas na wa Pennsylvania sasa wanavaa sawa na kusikiliza sawa, na wanagawana video zilezile za kuwadhihaki watu wa mjini. Siwabezi. Kila kijana duniani huvaa kitu cha kumtangaza. Ninachokitilia shaka ni aina hii ya utambulisho ambayo haidai kazi yoyote kutoka kwa aliyeuvaa. Ukamuaji ulikutaka uamke alfajiri. Jezi ilikutaka uje mazoezini. Pikapu inataka mkopo tu, na baada ya hapo inatafuta adui, kwa sababu mtu asiye na nafasi anayoijaza hujitambua kwa wale anaowapinga. Wanasiasa wameliona hilo mapema kuliko walimu.

Wakati huohuo, katika baadhi ya miji hiyo, kuna vijana ambao mahali panawahitaji kila siku na hapataki kukiri. Desemba 1980 kampuni ya IBP ilifungua huko Holcomb, karibu na Garden City, Kansas, kiwanda cha nyama ya ng'ombe kilichohesabiwa wakati huo kuwa kikubwa kuliko vyote duniani. Watu wa kaunti hawakutosha kukijaza. Wakaja Wavietnam na Wameksiko, baadaye Wasomali na Waburma. Mwaka 1990 kikafuata kiwanda cha Lexington, Nebraska. Huko Waterloo, Iowa, kwenye kiwanda cha nguruwe, wamo Wakongomani waliokwenda na Kiswahili chao, Kilingala na Kifaransa. Wasomaji wa makala haya wenye ndugu waliopita kambi za Nyarugusu au Kakuma huenda wanazijua zamu hizo kwa simulizi za simu. Kazi ni ya kisu, baridi na mwendo wa mnyororo usiosubiri.

Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Hawa walipewa kisu siku ya kwanza, na baada ya miaka thelathini bado wanaitwa wageni. Oktoba 2016 wanaume watatu wa kikundi cha wanamgambo walikamatwa Kansas kwa njama ya kulipua majengo ya Garden City walimokuwa wakiishi Wasomali na kuswali. Walihukumiwa Januari 2019 vifungo vya kati ya miaka 25 na 30. Ni sawa kusema kwamba wengi wa majirani walichukizwa. Lakini hebu mfikirie msichana wa miaka kumi na tano wa majengo yale. Asubuhi anamtafsiria mama yake kwa daktari, jioni anasoma barua ya benki na kumweleza baba, na usiku analea wadogo zake maana wazazi wako zamu ya pili. Kwa kipimo cha Barker, hakuna mtoto nyandani anayehitajika kuliko huyu. Ana utambulisho wa kutosha kwa watu watatu. Anachokosa ni mji kumwandika kwenye orodha yake.

Novemba 2025 kampuni ya Tyson, iliyokuja kuimiliki IBP, ilitangaza kwamba kiwanda cha Lexington kitafungwa Januari iliyofuata. Wafanyakazi walikuwa wapatao 3,200, katika mji wa watu kama 11,000. Habari zilipotangazwa, gumzo likawa juu ya bei za ng'ombe na mapato ya halmashauri. Mimi nilifikiria wanafunzi wa mwaka wa mwisho, waliozaliwa pale, wenye lafudhi ya pale, ambao kwa mara ya kwanza wako sawasawa kabisa na watoto wa wakulima wa jirani: mahali walipozaliwa hapana tena kazi nao. Ukarimu wa mji ule sasa utapimwa bila faida ya kiwanda nyuma yake.

Ila mazungumzo yote haya ya mwenyeji na mgeni yana kichekesho kichungu ndani yake. Ekari 160 za bure zilikuwa za watu. Mkataba wa Fort Laramie wa mwaka 1868 uliwahakikishia Walakota, watu wa asili wa nyanda hizo, nchi yao, pamoja na milima ya Black Hills, na ukavunjwa dhahabu ilipoonekana. Mwaka 1980 Mahakama Kuu ya Marekani ilithibitisha fidia iliyozidi dola milioni 100. Walakota hawajaigusa mpaka leo, ingawa riba imeipandisha juu ya bilioni moja na maeneo yao ni miongoni mwa yenye umaskini mkali zaidi nchini. Kuichukua kungekuwa ni kukubali kwamba waliuza. Kijana wa Pine Ridge, moja ya maeneo hayo, anakua akijua kwamba familia yake inakataa pesa hizo kila siku inayokucha, na sijui jambo lingine nyandani linalofunza mtu yeye ni wa wapi kwa nguvu kama hiyo.

Kwa upande wa Kanada, asilimia 17 ya watu wa Saskatchewan ni watu wa asili, na umri wao wa kati uko chini sana kuliko wa majirani zao Wazungu. Ukizungumzia vijana wa nyanda za Kanada bila kuwataja Wakrii, mojawapo ya mataifa hayo ya asili, umezungumzia nusu ya habari. Tarehe 9 Agosti 2016 Colten Boushie, Mkrii wa miaka 22, aliingia na marafiki zake kwenye shamba karibu na mji wa Biggar wakiwa na gari lenye pancha. Alipigwa risasi akafa. Februari 2018 jopo la raia lilimwachia huru mwenye shamba. Wakulima wengi walisema wanaogopa wezi na polisi wako mbali. Wakrii wakauliza tangu lini kijana mwenye pancha akawa wa kuogopwa kwenye nchi ya babu zake. Jimbo lilijibu kwa sheria mpya ya uvamizi wa ardhi, iliyoanza kazi Januari 2022, inayomtaka mtu apate ruhusa kabla ya kukanyaga shamba la mwingine. Yaani palipokuwa na swali la nani ni wa hapa, jibu likawa la hatimiliki.

Pamoja na hayo, kwa maoni yangu, vijana wa asili ndio walioikaribia zaidi dawa. Mwaka 2016 vijana wa Standing Rock, eneo jingine la watu wa asili, na maeneo ya jirani walikimbia kwa miguu mpaka Washington, karibu maili 2,000, kupeleka saini za kupinga bomba la mafuta, kabla vyombo vikubwa vya habari havijajua Standing Rock iko wapi. Na kila Desemba, mjini Rapid City, hufanyika mashindano ya taifa la Walakota yaliyoanza miaka ya 1970 kama michuano ya mpira wa kikapu ya shule. Sasa yana pia mashindano ya lugha ya Kilakota na michezo ya mikono ya jadi. Lugha iliyobakiwa na wasemaji wachache haina anasa ya kuchagua wanafunzi bora na kuwaacha wengine. Inamtaka kila mtoto, hata mwenye matamshi mabovu, na inaendelea kumtaka akiwa na miaka thelathini, akiwa na arobaini, kwa sababu atakuwa mwalimu.

Kuna mji mmoja wa Kansas ambao umekwenda mbali zaidi, karibu kufikia upuuzi. Nicodemus ulianzishwa mwaka 1877 na watu Weusi waliotoka utumwani Kentucky. Reli iliupita kando mwaka 1888, na leo wakazi wake hawafiki thelathini. Lakini kila mwisho wa Julai wazao wa waanzilishi hurudi kutoka pande zote za Marekani, na watoto waliozaliwa mijini hutembea kwenye gwaride la mji ambao hawajawahi kuishi. Mchaga anayepanda Moshi kila Desemba hahitaji kuelezwa. Nicodemus haina shule wala duka la maana, na bado ina watu wake kuliko miji mingi yenye taa za barabarani.

Serikali za majimbo zinajaribu. Mwaka 2011 Kansas ilianzisha mpango wa kumlipia mtu mpaka dola 15,000 za mkopo wa chuo akihamia kaunti zilizopungukiwa. Nauona ni mpango wa kununua wakazi. Pesa zikiisha baada ya miaka mitano, kinachombakiza mtu ni kingine. Nebraska ilipita njia ambayo naona ina akili zaidi. Sheria yake ya mwaka 1999 inampa nafuu ya kodi mwenye ardhi anayemkodishia mkulima anayeanza, kwa miaka mitatu ya kwanza. Kiasi ni kidogo, na hakishindani na jirani tajiri mwenye kombaini nne anayeweza kulipa kodi kubwa ya pango. Lakini angalau imegusa penyewe: imemtafutia kijana kazi ambayo asipokuwepo yeye haifanyiki.

Sheria hiyo haiulizi babu wa mkulima huyo alifika nyandani lini. Inamtaka awe mkazi wa jimbo na afanye sehemu kubwa ya kazi za shamba kwa mikono yake. Huko Lexington na Garden City wapo vijana ambao wazazi wao, kabla ya kushika kisu cha kiwandani, walilima Guatemala na Bonde la Juba. Maili chache nje ya mji wapo wazee wa miaka sabini na kitu, wana ardhi, wana matrekta, na watoto wao wako Denver na hawarudi. Kuwakutanisha hakuhitaji kura ya bunge. Kunahitaji ofisa ugani wa kaunti, mchungaji na imamu wanaopigiana simu, na yule mwalimu wa kilimo wa shule ya sekondari, ambaye tayari anawajua watoto wa pande zote mbili kwa majina, na ambaye mpaka sasa kazi yake rasmi juu yao inaisha mwezi wa tano.